Meli iliyokuwa ikichoma sumu baharini, na Jumapili niliyokimbiza gari Dallas hadi Houston ili moto usiwashwe

Wakuu, heshima kwenu wote.

Nimesoma nyuzi za wenzangu humu kwa miaka. Nacheka, nahuzunika, nachota maarifa, kisha natoka kimyakimya. Leo zamu yangu.

Haya yamenitokea mimi mwenyewe. Nimebadilisha majina tu, maana wahusika wengi wapo hai na watoto wao wako mitandaoni. Kwingine kote sijaongeza chumvi, na mtaona kwamba haikuhitajika.

Twende.

Ni mwishoni mwa miaka ya tisini. Mimi ni mtoto wa Morogoro, nimeingia Marekani kusoma college pale Arlington, katikati ya Dallas na Fort Worth. Nilipomaliza, kazi zikawa ngumu, jamaa mmoja akaniambia shuka Houston, huko kuna viwanda, ukitaka kuchafuka mikono hukosi kazi.

Nikashuka. Nikapanga chumba Gulfton, kwenye yale maapartment yaliyobanana ambako ukifungua dirisha unasikia lugha sita kwa mpigo.

Nikapata kazi kwenye yadi moja ya meli mashariki ya jiji, kwenye ule mfereji ambako meli za mafuta zinaingia. Kampuni yetu ilikuwa ndogo. Tulisafisha na kukata matangi ya meli kuukuu.

Kazi yangu mimi ilikuwa kukaa mlangoni. Msicheke. Mtu akiingia ndani ya tangi, lazima awepo mwingine nje kwenye tundu, ana redio, ana kipima gesi, ana karatasi. Nahesabu walioingia, nahesabu waliotoka. Aliye ndani akianguka, mimi ndiye wa kupiga kelele.

Fundi wetu mkuu wa kukata vyuma kwa gesi alikuwa Mkongomani wa Bukavu, tumwite Papa Jean. Mpole, mnene kidogo, mshika dini. Yeye na mkewe Mama Béa waliishi jengo la pili kutoka kwangu. Kwao ndiko nilikokula wali kila nilipochoka kula mikate.

Supervisor alikuwa Mtexas mrefu, nitamwita Dale. Si mtu mbaya hata kidogo. Ila alikuwa muumini wa karatasi. Karatasi ikisema ng'ombe ana mbawa, Dale anatafuta ngazi.

Sasa ikaja ile meli.

Wakuu, nilikuwa nimeshaona meli nyingi, lakini hii ilikuwa na umbo la ajabu. Nyuma kabisa ilikuwa na vitu viwili kama mapipa makubwa yaliyosimamishwa, mapana na mafupi, mdomo wazi. Nikamuuliza Dale yale ni nini.

Akasema, "Matanuri. Hii ilikuwa inachoma sumu."

Nikadhani ananitania.

Kwa wasiojua: zamani viwanda vya kemikali vilikuwa na uchafu ambao hakuna mji ulitaka uchomwe jirani. Kwa hiyo ukapakiwa kwenye meli maalumu, meli ikaenda mbali kusikoonekana nchi kavu, ikachomea uchafu huko huko, juu ya maji. Mwanzoni mwa miaka ya tisini mataifa yakakubaliana mchezo huo uishe. Meli zikabaki hazina kazi.

Hii yetu ilikuwa imenunuliwa na tajiri aliyetaka kuigeuza meli ya mizigo ya kawaida. Sisi tukapewa kazi ya kuondoa matanuri na kukata kuta za matangi ipatikane nafasi ya mizigo. Karatasi zilikuja nayo: matangi yote yameoshwa, yamepimwa, ni safi.

Mimi nikaona hapa nimepata picha za kutambia. Nikabeba kamera yangu ndogo, nikapiga filamu nzima. Nimesimama ndani ya mdomo wa tanuri, mikono kiunoni, kama nimelijenga mimi.

Matanuri yaliondoka salama. Hatua iliyofuata ilikuwa kukata ukuta wa nyuma wa tangi namba nne. Ratiba ilisema Jumatatu.

Jumamosi ya wiki hiyo nikapanda Dallas. Rafiki yangu wa college, Hamisi, alikuwa anafanya akika ya binti yake kwenye apartment yao Irving. Watu walikuwa wengi, pilau linanukia mpaka parking. Nikatoa bahasha yangu ya picha, zikaanza kuzunguka mkono kwa mkono.

Pale alikuwepo Mpemba mmoja, Mzee Makame. "Mzee" kwa heshima tu, alikuwa hajafika hata hamsini. Alikuwa dereva wa mabasi madogo ya kupeleka abiria airport. Mcheshi, mwongeaji, sauti ya juu. Picha ilipomfikia alikuwa anasimulia jambo huku sahani ya pilau iko mkono wa kushoto.

Akanyamaza katikati ya sentensi.

Akaiweka sahani chini. Akaenda na picha dirishani kwenye mwanga.

"Yakhe, hii umeipiga wapi?"

"Houston, Mzee. Kazini kwetu."

"Jina lake lipi?"

Nikamtajia. Akatikisa kichwa. "Wamembadilisha jina. Lakini ndiye. Mie nimekaa ndani ya meli hii miaka mitatu."

Jamani! Watu wote sebuleni wakageuka. Nikamwambia hebu tusimulie, na Mzee Makame hakuwa mtu wa kuombwa mara mbili.

Akasema walikuwa wanapakia kwa mipira minene, wanakwenda mpaka hakuna hata ndege wa angani. Kisha mainjinia wanawasha matanuri kwa dizeli mpaka ndani kunakuwa kweupe, hutazami bila kioo cheusi. Ndipo pampu za sumu zinafunguliwa.

"Sauti yake sasa! Kama eropleni inayotaka kuruka na hairuki. Usiku na mchana. Moshi huuoni, unaona hewa inatetemeka tu juu ya mdomo. Siku moja nikafua shati langu nikalianika kwenye sitaha, upepo ukageuka. Kuja kulianua, likachanika mkononi kama gazeti."

Watu wakaguna. Nami kwa kiherehere changu nikasema, "Basi Mzee, Jumatatu tunamkata tumbo. Ukuta wa nyuma wa tangi namba nne."

Uso wake ukabadilika. Akanishika mkono, akanitoa nje mpaka kwenye ngazi.

"Nani kakwambieni ukuta ule ukatwe?"

Nikamweleza habari za karatasi.

"Sikiliza. Nyuma ya ukuta huo kuna chumba chembamba, kati ya tangi na chumba cha pampu. Kwenye ramani ni kitupu. Lakini ukuta ulikuwa na ufa kabla hawajauziba. Sumu ilikuwa inavuja inaingia mle. Tulikuwa tunainyonya kwa pampu ya mkono, kidogo kidogo, na kitabuni haiandikwi. Tangi mtalipima mtalikuta safi. Mle ndani hakuna aliyepima."

Sikuwa mtaalamu wa kemia, lakini miezi kadhaa ya mlangoni ilinitosha kuelewa. Papa Jean angesimama ndani ya tangi safi, aelekeze moto kwenye ukuta, na upande wa pili kuna sumu imekaa inamngoja.

Nikampigia Dale kwenye pager mara nne. Kimya. Wikiendi alikuwa mtu wa kuvua samaki. Nikajituliza: kazi ni Jumatatu, tunayo Jumapili nzima. Tukakubaliana na Mzee Makame tuondoke pamoja Jumapili alasiri, twende tukamwone Dale kabla ya kazi kuanza. Nikalala kwa Hamisi.

Jumapili asubuhi, saa tatu na nusu hivi, nikasema ngoja nimpigie Papa Jean nimpe habari mapema.

Akapokea Mama Béa.

"Papa Jean hayuko. Boss ya kampuni aliita watu yote jana jioni, hata Dale, overtime. Hata kanisa ameacha leo."

Wakuu, nikamuuliza haraka:

"Mama, wanaanza kukata saa ngapi?"

"Alisema saa mbili."

Nikapiga ukelele mpaka mke wa Hamisi akatoka chumbani na mtoto. Saa mbili! Saa mbili ilikuwa imeshapita! Kwenye simu Mama Béa akashangaa.

"Godi, kuna nini? Saa mbili ya mchana. Asubuhi wanapanga vyuma vya kusimamia kwanza."

Hapo ndipo nilipokumbuka kwamba wenzetu wa Kongo wanahesabu saa kama Wazungu. Saa mbili yake ni saa nane yangu. Nilicheka na machozi kwa pamoja. Lakini kutoka Irving mpaka yadini ni saa nne na ushee, tena ukikimbia.

Nikamweleza Mama Béa yote. Ya ufa, ya chumba chembamba, ya Mzee Makame. Pager ya Dale bado ilikuwa haijibiwi, na simu ya ofisi ya yadi ilikuwa inapokelewa na mashine siku za Jumapili. Yeye peke yake ndiye aliyekuwa karibu.

Akasikiliza mpaka mwisho. Kisha akasema kwa utulivu kabisa, "Minaenda mimi mwenyewe."

"Utakwendaje Mama, huendeshi gari?"

"Kanisa iko na gari."

Akakata simu.

Mzee Makame alikuwa kazini tayari, zamu ya asubuhi. Nikamfuata mpaka kituo chao. Aliponiona ninavyokuja mbio hakuuliza kitu. Akamkabidhi funguo mwenzake mmoja Mhabeshi, wakasemezana mawili matatu, akaingia kwenye gari langu na sare yake ya udereva vilevile, na beji kifuani.

Tukaingia barabara kuu, I-45.

Sitawadanganya, sijawahi kuendesha vile tena maishani. Kagari kangu kalikuwa kanatetemeka kakizidi maili sabini. Siku hiyo nilikapeleka mpaka usukani ukawa unacheza ngoma. Corsicana ikapita. Tukajaza mafuta mara moja, Mzee akajaza huku mimi nakimbilia kulipa. Huntsville ikapita. Mzee Makame, yule mwongeaji, alikuwa kimya muda wote. Mara moja tu aliniuliza:

"Hao polisi wa Houston, mtu akija akasema jambo la zamani, wanamfanya nini?"

"Jambo gani Mzee?"

"Basi. Tazama mbele."

Alikuwa anasubiri makaratasi yake ya ukaazi, hilo nililijua. Nikadhani anaogopa polisi kwa ujumla kama sisi sote.

Nakumbuka tunapita Conroe saa ya gari inasema saa saba kasoro. Na bado kuna jiji zima la kuvuka.

Tulifika getini zikiwa zimebaki dakika kama ishirini.

Na pale getini, ndugu zangu, niliona kitu ambacho nikiwa na huzuni nakikumbuka kinanichangamsha.

Basi dogo la kanisa limepaki mbele kabisa, limeziba geti. Akina mama wa kwaya, wote na vitenge vya kijani vya sare, wamesimama mstari mmoja wanaimba. Si kwa fujo. Wanaimba kwa sauti tatu, kwa kupokezana, vizuri kabisa. Mlinzi, mtu mzima wa Kimeksiko, amevua kofia hajui afanye nini.

Mbele ya kwaya amesimama Mama Béa. Pembeni yake Papa Jean, na helmeti yake mkononi, ameinamisha kichwa kama mwanafunzi aliyeitiwa mzazi.

Akaniambia, "Mon frère, huyu mwanamke atanifukuzisha kazi. Amesema mbele ya watu yote: nikiwasha ile moto, nisirudi nyumbani."

"Na wewe ukasemaje?"

"Miaka kumi na tisa ya ndoa. Ningesema nini?"

Dale akatoka kwa hatua ndefu, uso mwekundu.

"Wewe! Hii ni kazi yako? Saa nzima watu wangu wamekaa wanasikiliza nyimbo!"

Nikaanza kueleza, maneno yanagongana. Nikasema kuna chumba nyuma ya ukuta, kina sumu, na huyu bwana alifanya kazi ndani ya meli hii. Dale akamtazama Mzee Makame kutoka juu mpaka chini, sare ya udereva wa airport na beji yake.

"Karatasi zinasema chumba kile hakijawahi kutumika."

Mzee Makame akamjibu kwa Kiingereza chake cha melini, kifupi kifupi. "Nipe chuma cha kukwangulia rangi. Dakika kumi. Nikikosea, niitie polisi."

Mafundi wakasogea kusikiliza. Hata kwaya ilishusha sauti.

Dale akatema tumbaku pembeni. Akasema, "Kumi."

Tukapanda sitaha, sisi wanne: Dale, Mzee Makame, Papa Jean na mimi. Mzee Makame hakuangalia ramani. Alisimama kwenye mlango wa chumba cha pampu, akaupa mgongo, akahesabu hatua kwa mdomo. Moja, mbili, tatu, nne, tano. Akakunja kushoto chini ya ngazi ya chuma. Akapiga magoti akaanza kukwangua.

Ikatoka rangi nyekundu. Chini yake kijivu. Akakwangua. Chini ya kijivu, kijani. Akaendelea, jasho linadondokea kwenye chuma. Mimi naangalia saa. Hakuna kitu. Chuma tupu.

Dale akasema, "Dakika nane."

Mzee akasogea kiganja kimoja kulia. Akakwangua tena.

Kichwa cha boliti kikatokea.

Kisha kingine. Kisha ukingo wa mfuniko wa duara, umezibwa kwa rangi nene kiasi kwamba ungeweza kuukanyaga mwaka mzima usijue kuna kitu.

Dale akachuchumaa. Sauti yake sasa ilikuwa nyingine kabisa. "Umejuaje?"

Mzee Makame hakunyanyua kichwa.

"Rangi hii ya kijani nimepaka mie. Kapteni alisema wakaguzi wa wanunuzi wanakuja, funika ile. Na nilijua kilichomo. Nikapaka, mara tatu."

Hapo ndipo nilipoelewa swali lake la njiani.

Papa Jean alikuwa amesimama nyuma yake. Yeye ndiye ambaye angekuwa mle ndani. Aliinama, akamwekea mkono begani, akauacha pale.

Dale akaagiza tuvae barakoa za hewa. Akalegeza boliti moja, robo ya mzunguko tu. Mimi nikashusha kipima gesi karibu na ukingo.

Kililia! Hakikubipu kama kawaida. Kililia mfululizo, taa zote nyekundu. Nimekishika kifaa kile miezi na miezi, sikuwahi kusikia sauti ile.

"Kaza! Kaza rudisha! Wote nje ya meli! Kimbilieni upande upepo unakotoka!"

Tukashuka ngazi kama maji. Mafundi waliokuwa wamekaa wakingoja wakashuka nao, na mimi nikachukua karatasi ya mlangoni, nikahesabu. Wote. Nikahesabu mara ya pili. Wote!

Tulipofika getini kwaya ikatuona tunakimbia. Mama Béa akamshika mumewe kwa kola ya ovaroli kwa mikono miwili, akamtikisa, kisha akamkumbatia. Akina mama wakapiga vigelegele mpaka mlinzi naye akapiga makofi.

Wataalamu walikuja siku ile ile na suti kama za wanaokwenda mwezini. Baadaye Dale aliniambia ile sumu ilikuwa imefika kimo cha kiuno cha mtu mzima, na kwamba moto wa gesi kwenye ukuta ule ungeichemsha ikatoa hewa ya kuua hata kabla ya mlipuko.

Jioni tulikula kwa Mama Béa, Gulfton. Kwaya nzima, sahani mapajani, kwenye ngazi, kila mahali. Watoto wakamzunguka Mzee Makame, wanamuuliza kwa Kiingereza, naye anawajibu kwa Kiswahili cha Pemba, kila mtu anaelewa anavyojua. Akawasimulia ya matanuri na ya shati. Lakini safari hii alimaliza na ya rangi ya kijani. Hakuiruka.

Yaliyofuata kwa ufupi.

Mzee Makame aliitwa kutoa maelezo. Alikwenda mwenyewe, amevaa koti, akasema yote mpaka sehemu yake. Nilimsubiri nje, naye akatoka akiwa ameloa jasho. Hawakumfanya kitu. Makaratasi yake yalitoka mwaka uliofuata.

Mimi nilifukuzwa. Mwenye kampuni alisema nimepiga picha bila ruhusa na kuleta mtu wa nje yadini. Yote mawili ni kweli, kwa hiyo sikubisha. Wiki tatu baadaye Dale akapiga simu. Naye alikuwa ameondoka, yuko yadi nyingine. Akasema, "Nahitaji mtu wa mlangoni anayeuliza maswali ya kijinga." Nimefanya kazi ya usalama viwandani tangu siku hiyo hadi leo.

Papa Jean na familia wakahamia Katy, magharibi ya jiji. Bado anakata vyuma, na Mama Béa bado haendeshi gari.

Najua kuna mkuu ataniuliza kama nilimlaumu Mzee Makame. Swali zuri. Kwa siku kadhaa ndiyo, nilimlaumu. Kisha nikafikiria: angeweza kurudisha ile picha, aokote sahani yake amalize pilau. Hakuna mtu duniani ambaye angejua.

Nilichojifunza ni kwamba karatasi inakwambia kilichoandikwa tu. Ukitaka kujua kilichofunikwa, mtafute aliyeshika brashi. Na akikupa ukweli unaomuumiza mwenyewe, msikilize mpaka mwisho kabla hujamhukumu.

Nawaachia uwanja. Waliofanya kazi melini, viwandani, hospitalini, hata maofisini: umewahi kuambiwa "funika tu, wakaguzi wanakuja"? Ulifunika? Andika bila jina. Mimi nipo, nitasoma kila comment.